Dada Zake

Bibi yangu alikuwa sauti ya pili. Watu wa rika lake huko Kibosho wanamtambulisha hivyo hadi leo, kama wengine wanavyotambulishwa kwa kazi zao: yule alikuwa karani wa chama cha msingi, yule alikuwa fundi cherehani, huyu alikuwa sauti ya pili. Aliimba kwaya ya parokia tangu akiwa msichana mpaka magoti yalipokataa kupanda ngazi za jukwaa la waimbaji. Nilikua nikilijua hilo kama nilivyojua kwamba kahawa inachumwa ikiwa nyekundu. Sikuwahi kujiuliza maana yake.

Desemba iliyopita nilipanda Kibosho pamoja na Wachagga wengine wote wa mjini tunaopanda kila mwisho wa mwaka kwenda kuhesabiwa. Mgongoni nilibeba zawadi, na mfukoni nilikuwa na simu iliyojaa nyimbo za Frank Humplick. Nasoma shahada ya uzamili, na tasnifu yangu inahusu gitaa katika Tanganyika kabla ya uhuru. Sura ya tatu ilikuwa tayari na kichwa chake, nacho kilipendeza machoni pangu: maisha na kazi ya mpiga gitaa wa Moshi. Kilichobaki, nilidhani, ni mzee mmoja aliyezisikia santuri zile zilipokuwa mpya.

Kwa wasiomjua: Frank Humplick alizaliwa Moshi mwaka 1927, mama Mchagga, baba Mzungu. Katika miaka ya 1950 aliimba na kupiga gitaa pamoja na dada zake wawili, Thecla Clara na Maria Regina, kwa Kichagga na kwa Kiswahili, na sahani zao zilisikika mbali na mlima huu. Ni watu wa zama za kina Fundi Konde, kabla majina ya bendi kubwa za jazi hayajatawala redio. Kwa Kiswahili tumezoea kuwaita Frank na Dada Zake. Frank alifariki mwaka 2007. Miaka ya karibuni lebo ndogo ya Marekani, Mississippi Records ya mjini Portland, ilikusanya nyimbo zao kadhaa na kuzitoa upya, ndiyo maana mwanafunzi anaweza kuzisikiliza leo akiwa kitandani hosteli, akiwa na visikilizi masikioni.

Nilimwekea Bibi wimbo mmoja wa Kichagga. Tulikuwa jikoni, moshi unapita kwenye migomba, mtori ukitokota. Nilimwekea simu karibu na sikio lake zuri. Akasikiliza mpaka mwisho bila kusema neno, kisha akasema:

"Huyo wa chini amepatia."

Nikaandika haraka kwenye daftari: *Bibi anasifu gitaa.* Ilionekana dhahiri. Gitaa liko chini ya sauti za waimbaji, linatembea taratibu kama mtu anayeshuka shambani na mzigo kichwani. Nikamuuliza, kwani Bibi, gitaa lake lilikuwaje ukilinganisha na wapigaji wengine wa wakati ule? Akanitazama kama anavyomtazama mtoto aliyevaa viatu kushoto kulia.

"Gitaa gani? Nasema huyo msichana wa chini. Wa pili."

Nilirudi Moshi mjini siku tatu baadaye, nikafungua rasimu ya sura yangu na kuisoma tena. Nilikuwa na kurasa nne kuhusu vidole vya Frank. Kuhusu Thecla Clara na Maria Regina nilikuwa na sentensi moja, na ndani yake kitenzi kimoja: *akisindikizwa na dada zake.*

Neno hilo tunalitumia sana tunapoandika juu ya muziki, na nadhani hatulisikii tena. Kumsindikiza mtu ni kumtoa mgeni hadi barabarani. Unamsindikiza mpaka kwenye mfereji au kituo cha daladala, unamwambia asalimie wa kwao, kisha unarudi nyumbani kuosha vyombo. Safari ni yake. Kwa hiyo ukisema kwamba sauti fulani "zinasindikiza", umeshaamua wimbo ni safari ya nani, kabla hujausikiliza.

Sasa sikiliza. Chukua wimbo wowote wa hawa watatu wenye mpangilio wao wa kawaida. Gitaa kavu linaanza kwa mapigo machache, halikai peke yake kwa muda mrefu, halitafuti kusifiwa. Kisha sauti zinaingia, na zikishaingia ndizo zinazobeba kila kitu. Ni sauti zilizokaribiana mno, kama vidole vya mkono mmoja, zinazopanda pamoja na kushuka pamoja, na kuachana kidogo tu mwisho wa mstari ili sikio lipate utamu wa kuzisubiri zikutane tena. Watu wasio ndugu wanaweza kujifunza kuimba namna hiyo, lakini huwachukua miaka. Hawa wanavuta pumzi mahali pamoja. Wanatamka irabu kwa ufunguzi uleule wa mdomo. Ondoa gitaa, utabaki na wimbo. Ondoa dada wawili, utabaki na kijana anayepiga gitaa vizuri, na vijana wa aina hiyo walikuwa wengi Afrika Mashariki yote.

Sisemi hivyo kumpunguza Frank. Upigaji wake una adabu ambayo ni ngumu kuliko mbwembwe. Anajua lini anyamaze. Anawapa waimbaji sakafu iliyonyooka, na mtu anayecheza juu ya sakafu nzuri huwa haitazami miguuni. Lakini hiyo ndiyo hoja yangu: kwa namna anavyopiga, yeye ndiye anayesindikiza. Sahani zenyewe zinasema hivyo kila zinapozunguka. Ni sisi, waandishi, tuliogeuza mambo.

Kwa nini tuligeuza? Nadhani ni kwa sababu tulirithi umbo la hadithi kabla hatujapata hadithi yenyewe. Maisha ya mwanamuziki mwenye gitaa, kama tulivyofundishwa kuyaandika na Marekani ya roki, ni maisha ya mtu mmoja. Anazaliwa mahali duni, anapata gitaa la kwanza, anagunduliwa, anang'aa, anaumia, anakufa mapema au anazeeka vibaya. Wengine wote waliomo ndani ya studio ni fanicha.

Mfano ulio wazi kabisa ni Elvis Presley. Julai 1954 alirekodi sahani yake ya kwanza kwa kampuni ya Sun huko Memphis, na waliokuwa naye ni wawili: Scotty Moore kwenye gitaa na Bill Black kwenye besi. Kwenye karatasi ya katikati ya sahani ile, chini ya jina la Elvis, yalichapwa kwa herufi ndogo majina ya Scotty na Bill. Elvis alipohamia kampuni kubwa ya RCA mwishoni mwa 1955, majina hayo mawili hayakuhama naye kwenye karatasi, ingawa vidole vya Scotty vilihama. Vijana wengi waliojifunza gitaa la roki kwa kumsikiliza Elvis walikuwa, kwa kweli, wanamsikiliza Scotty.

Mfano wa pili unanigusa zaidi kwa sababu ni wa kifamilia. Mwaka 1927, mwaka uleule aliozaliwa Frank, watu watatu wa ukoo mmoja walishuka kutoka milima ya Virginia kwenda mji wa Bristol kurekodi kwa mara ya kwanza: A.P. Carter, mkewe Sara, na shemeji yao Maybelle. Sara ndiye aliyeongoza kwa sauti. Maybelle ndiye aliyepiga gitaa, kwa mtindo wa kutoa wimbo kwenye nyuzi nene huku vidole vingine vikipiga mwendo kwenye nyuzi nyembamba, mtindo ambao wapiga gitaa wa Marekani wameuiga karibu karne nzima. A.P. alikuwa mkusanyaji hodari wa nyimbo, na ndani ya studio aliingia na sauti yake nzito pale alipojisikia. Lakini kwenye nafasi ya mtunzi, jina lililochapwa lilikuwa la A.P.

Watatu wa mlimani, wanawake wawili na mwanamume mmoja, na jina lililobaki juu ni la mwanamume. Nilipoisoma habari hiyo niliacha kitabu, nikaenda kununua chai.

Hapa kwetu umbo la mtu mmoja limekaa vizuri zaidi kwa wengine. Limekaa vizuri kwa Mbaraka Mwinshehe, aliyezaliwa 1944, akang'ara na Morogoro Jazz, akaanzisha Super Volcano mwaka 1973, na kufa kwa ajali ya gari Mombasa Januari 1979 akiwa na miaka 34. Mbaraka ana kila kitu ambacho umbo hilo linahitaji, hata kifo. Frank hana. Frank aliishi miaka themanini, na miaka yake ya uzee aliishia Lushoto, milima mingine, mbali na kelele. Mtu wa namna hiyo anamsumbua mwandishi wa wasifu. Hakuna mwisho wa kishujaa wa kumpa. Basi tunamtafutia ukubwa mahali pengine, kwenye gitaa, na ili gitaa lionekane kubwa inabidi sauti za wengine zionekane ndogo.

Lakini nisiitupie Marekani mzigo wote. Mlima nao una desturi yake ya kuandika jina moja juu ya kazi ya wengi, na desturi hiyo ilikuwa kwenye kilele chake wakati Frank na dada zake wanaimba.

Kilimanjaro ya miaka ile ilikuwa na pesa za kahawa. Chama cha ushirika cha KNCU, kilichoanzishwa 1933, kiliuza kahawa ya wakulima wadogo wa mlimani. Pesa hizo zilijenga shule, zilibadilisha mapaa kutoka majani ya migomba kuwa bati, na katika nyumba chache zilileta gramafoni ya kuzungusha kwa mkono. Bibi alizisikia sahani za Frank kwenye nyumba ya namna hiyo, kwa jirani, akiwa amesimama nje ya mlango na wasichana wenzake, kila mmoja na ndoo yake ya maji, kila mmoja akijifanya anapumzika.

Kahawa lilikuwa zao la mwanamume, ndizi zilikuwa za mwanamke. Kila Mchagga analijua hilo. Jina kwenye kadi ya chama lilikuwa la baba. Lakini muulize mama yeyote wa rika la Bibi nani alipalilia, nani alibeba samadi kutoka zizini, nani alichuma, nani aliosha na kuanika na kugeuza punje juani. Kadi ilisema kitu kimoja na kihamba kilisema kingine, na hakuna aliyeona kwamba kadi inadanganya. Kadi haikudanganya. Ilikuwa kadi tu, na karani alihitaji jina moja la kuandika.

Nadhani karatasi ya katikati ya sahani ilikuwa kadi ya namna hiyo. Na hapa nataka kuwa mwangalifu, kwa sababu ni rahisi mwanafunzi wa leo kuwahukumu watu wa juzi kwa kipimo alichokipata jana darasani. Msichana wa Kichagga wa miaka ya 1950 kuimba kwenye sahani inayouzwa madukani, ikapigwa na wageni vilabuni, halikuwa jambo dogo. Jina la kaka juu yake lilikuwa kama mwavuli: linasema wasichana hawa ni wa nyumba fulani, wako na mtu wao. Inawezekana kabisa kwamba bila neno "zake" milango isingefunguka. Na tukumbuke kwamba Frank hakuwaficha. Angeweza kuitwa Frank peke yake, kama wapiga gitaa wenzake walivyojiita kwa majina yao. Aliimba akiwa na dada zake na jina la kundi likasema hivyo. Kwa zama zile ni zaidi ya walichopata Scotty na Bill kwa RCA.

Kwa hiyo shida yangu si na Frank, wala si na yule aliyechapa karatasi ile. Shida yangu ni na mimi, niliyekaa miaka sabini baadaye nikiwa na muda wote wa kusikiliza, nikanakili kadi badala ya kuingia shambani.

Kuna kisa ambacho kinaonyesha tofauti hiyo vizuri. Kundi hili liliimba pia siasa. Lilikuwa na wimbo uliotaka nchi zetu zijitawale, miaka kabla ya Desemba 1961, na mwanahistoria Mohamed Said ni miongoni mwa walioandika jinsi wakoloni walivyouchukia na kuupiga marufuku. Kila ninapousikia mkasa huo ukisimuliwa, unasimuliwa kama ujasiri wa Frank: Frank aliimba, Frank alipigwa marufuku. Lakini hebu fikiri sahani ni kitu gani. Ni sauti zote zilizokatwa kwenye mfereji mmoja mwembamba unaozunguka kutoka ukingoni hadi katikati. Huwezi kuichukua sauti moja ukaziacha nyingine. Serikali iliyoiogopa sahani ile iliwaogopa wote watatu kwa pamoja. Mkoloni, katika hofu yake, alisikia vizuri kuliko sisi katika sifa zetu.

Nilimweleza msimamizi wangu haya yote. Aliniuliza swali zuri, ambalo ndilo lililonipa usingizi wa mang'amung'amu wiki nzima: je, sasa utaandika sura kuhusu wanawake wawili waliosahauliwa? Aliliuliza kwa upole, lakini nilisikia mtego. Kwa sababu na hilo ni umbo lililo tayari. Siku hizi kuna soko la waliosahauliwa. Ningeweza kumshusha Frank kwenye kiti na kuwapandisha Thecla Clara na Maria Regina, nikawafanya mashujaa wa peke yao, na hadithi ingebaki ileile: kiti kimoja, na swali la nani akikalie.

Jibu la swali lake sikulipata maktaba. Nililipata Pasaka, nilipopanda tena Kibosho.

Bibi hakuwa mzima sana. Alikuwa amelala kwenye kochi sebuleni, amefunikwa shuka mbili, na alikuwa anaimba. Nilisimama mlangoni nisimkatize. Ulikuwa wimbo nisioufahamu. Ulikuwa wa ajabu, ulikaa kwenye noti moja kwa muda mrefu, ukashuka kidogo, ukarudi palepale, ukapanda mahali ambapo hukutarajia na kushuka bila kufika popote. Nikadhani ni wimbo wa zamani sana wa Kichagga, labda wa mavuno, labda wa kubembeleza mtoto, na mtafiti aliyemo ndani yangu akatoa simu na kubonyeza kitufe cha kurekodi.

Alipomaliza nikamsalimu, akaitikia marahaba. Nikamuuliza ni wimbo gani huo, Bibi, sijawahi kuusikia.

"Hujausikia?" alisema. "Mjukuu wangu, huo unaimbwa kila Jumapili."

Akaanza tena, na safari hii alinipa ishara kwa mkono, ile ishara ya mwalimu wa kwaya. Sikujua niingie wapi. Mama akatoka jikoni akiwa na mwiko, akaingia na sauti ya kwanza, na ghafla nikautambua. Ulikuwa wimbo wa kawaida kabisa wa kanisani, ninaoujua tangu nikiwa na miaka mitano. Bibi alikuwa anaimba sauti ya pili, peke yake, kama alivyoimba maisha yake yote. Kwake wimbo ndio huo. Bila ya kwanza juu yake sikuweza kuutambua. Na Mama alipokatisha mstari mmoja ili arudi kugeuza ndizi motoni, yeye akabaki na ya kwanza akilini, mimi nikajaribu kuiimba ya kwanza bila ya pili, na ikasikika nyembamba, kama kitambaa kilichooshwa mara nyingi.

Kwa hiyo ni hivi. Sauti ya pili ikitolewa peke yake haieleweki, na ya kwanza ikiachwa peke yake huidhani kuwa ndiyo wimbo mzima, kwa sababu inaeleweka. Hapo ndipo tunapokosea. Tunachukua kile kinachoeleweka kikiwa peke yake tunakiita muziki, na kingine tunakiita msindikizo. Wasifu wa mtu mmoja ni sauti ya kwanza: unausoma unauelewa, na hujui kilichopungua.

Niliifuta sura ya tatu. Mpya niliyoiandika ina kichwa chenye majina matatu kamili, yamepangwa kwa alfabeti: Frank Humplick, Maria Regina, Thecla Clara. Haina shujaa. Inafuata nyimbo chache, mstari kwa mstari, ikisema katika kila mstari nani anatembea na nani anasubiri, nani anashika noti ili mwingine aiache. Ni kazi ya kuchosha, na haisomeki kama maisha ya nyota wa roki. Kitenzi "kusindikiza" bado kimo, lakini sasa kina watenda watatu, kwa zamu.

Ile rekodi ya sebuleni bado ninayo kwenye simu. Mwanzo wake ni sauti ya pili peke yake, dakika moja na kitu. Kisha inasikika mikwaruzo ya kandambili za Mama zikitoka jikoni.